Windows "nyepesi" za kwenye flashi: nani kaipika, na kaweka nini ndani?

Fundi_Daftari (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za jioni.

Kila wiki humu lazima atokee mtu anaomba linki ya Windows "nyepesi", yaani iliyopunguzwa vitu na mtu wa mtandaoni ili iende haraka kwenye mashine dhaifu. Leo Ghost Spectre, kesho Tiny11, keshokutwa "Windows 10 Gaming ya RAM 2 GB" iliyopandishwa Google Drive na mtu ambaye hata jina lake hatulijui. Majibu huwa ni yaleyale: mmoja anatupa linki, mwingine anasema "utakula virusi" kisha anasepa. Hakuna anayeeleza kitu. Nimeona nifungue uzi niandike ninavyolielewa suala lenyewe, wanaojua zaidi waongezee.

Msimamo wangu mapema ili tusigombane bure: kuchezea kisakinishi cha Windows si kosa. Microsoft wenyewe wanagawa bure zana za kazi hiyo, zinaitwa Windows ADK, na ndani ya kila Windows kuna amri ya DISM inayofungua, kupunguza na kuongeza vitu kwenye faili la usakinishaji. Idara za TEHAMA za mabenki na vyuo hazikai kubofya "Next" kwenye mashine mia tatu. Ninachokipinga mimi ni kuchukua ISO (lile faili moja lenye kisakinishi kizima) ambayo tayari imeshapikwa, yaani imebadilishwa ndani, na mtu mwingine. Hiyo huna namna ya kuihakiki, hata akikupa mama yako mzazi.

Tuingie ndani kidogo. Tangu Vista, Windows haisakinishwi faili moja moja kama enzi za XP. Ukifungua flashi ya Windows utakuta folda inaitwa sources. Mle ndani kuna boot.wim, ambayo ndiyo inayowasha ile skrini ya usakinishaji, na install.wim (au install.esd, ambayo ni ileile iliyobanwa zaidi). Hiyo install.wim ndiyo Windows yenyewe, nzima, imefungwa kwenye faili moja. Setapu kazi yake kubwa ni kuifungua kwenye diski yako. Kwa hiyo aliyeigusa install.wim ameigusa Windows kabla wewe hujaiona. Chochote alichoweka kipo tayari siku ya kwanza, kabla hata hujafikiria antivairasi, na kina mamlaka yote ya mfumo.

Tena mpishi hahitaji ujuzi wa ajabu. Kuna faili linaitwa SetupComplete.cmd: likiwekwa kwenye folda ya Windows\Setup\Scripts, Windows inaliendesha yenyewe mara usakinishaji unapoisha, kwa mamlaka ya SYSTEM (akaunti yenye nguvu kuliko hata admin), kabla hujaingia kwenye akaunti yako. Ni kipengele halali kabisa, wenye maduka ya kompyuta wanakitumia kuweka draiva. Lakini mistari mitatu humo inatosha kuzima Defender (antivairasi ya Windows yenyewe), kuongeza cheti cha usalama cha bandia, na kupanga kazi itakayojiendesha kila ukiwasha mashine. Wewe utaona desktop safi, nyepesi, inapepea, na utamsifia aliyeipika.

Matukio yapo, tena ya kumbukumbu, sitishi watu.

Mwaka 2012 Microsoft walikwenda mahakamani Marekani dhidi ya mtandao wa kompyuta zilizotekwa ulioitwa Nitol. Kabla ya hapo wachunguzi wao walinunua kompyuta 20 madukani kwenye miji mbalimbali ya China. Kompyuta 4 kati ya hizo 20 zilikuwa na programu hasidi tangu dukani, na zote zilikuwa na Windows isiyo halali. Mnunuzi hakupakua kitu, hakubofya kitu. Alinunua mashine mpya tu.

Desemba 2022 kampuni ya usalama wa mtandao ya Mandiant ilieleza kisa cha Ukraine. Mtu alipandisha kwenye tovuti za torenti ISO ya Windows 10 yenye lugha ya Kiukreni. Ndani alikuwa amezima taarifa zinazotumwa Microsoft, amezima masasisho na uhakiki wa leseni. Hebu soma tena hiyo orodha: ndizo sifa zilezile zinazotangazwa kwenye kila ISO "nyepesi" humu jukwaani! Watu waliipakua wakiona wamepata mali safi. Kumbe ndani kulikuwa na kazi zilizopangwa kujiendesha na kukusanya taarifa za mashine, na ikionekana mashine ni ya ofisi ya serikali, inaongezewa mlango wa nyuma, yaani njia ya siri ya kuingilia mashine.

Juni 2023 Dr.Web, kampuni ya antivairasi, nao wakakuta Windows 10 za torenti zenye kitu walichokiita Trojan.Clipper. Hiki kilikuwa na subira. Kinakaa kimya, ukikopi anwani ya pochi ya bitcoin ili utume hela, kinaibadilisha kwenye kumbukumbu ya kukopi na kuweka anwani ya mwizi. Kilijificha kwenye patisheni (kipande cha diski) ya EFI, ile ndogo ya kuwashia ambayo watu wengi hawaioni na antivairasi nyingi haziigusi. Hesabu ya Dr.Web wakati ule: sarafu za takribani dola 19,000 zilikuwa zimeshaondoka.

Msidhani ni balaa la Windows peke yake. Tarehe 20 Februari 2016 tovuti ya Linux Mint, mfumo wa bure unaotumika badala ya Windows, ilidukuliwa na linki ya Mint 17.3 Cinnamon ikaelekezwa kwenye seva iliyoko Bulgaria, yenye ISO iliyotiwa mlango wa nyuma. Na Septemba 2015 kulikuwa na XcodeGhost: watengenezaji programu wa China walichoshwa na kupakua Xcode (zana ya Apple ya kutengenezea programu za iPhone) polepole kutoka seva za Apple, wakaichukua kwenye hifadhi ya mtandaoni ya Baidu ambako mtu aliiweka ikiwa imeongezewa vitu. Matokeo yake programu walizozitengeneza zikaambukizwa, WeChat toleo la 6.2.5 ikiwemo, na zikapita hadi kwenye duka la Apple. Sababu iliyowaponza tunaijua vizuri sisi: intaneti ya polepole.

Sehemu ya kujipikia mwenyewe nitaiweka kwenye maoni, huu uzi umeshakuwa mrefu.

---

Kijana_wa_Tandale

Mkuu hapo kwenye patisheni ya EFI umenishtua. Nimekaa mkao wa kula, shusha sehemu ya pili.

---

Spana_Mkononi

Mwanzisha uzi umeandika vizuri lakini unaongea ukiwa umekaa ofisini. Mimi ni fundi, niko mtaani. Mteja analeta laptopu used ya kutoka nje, RAM 4, diski ya kuzunguka, anataka Windows ndani ya saa moja na mfukoni ana elfu kumi. Nikimpigia Windows 11 safi inakula RAM yote kabla hajafungua hata Word, kesho anarudi anasema nimemwibia RAM. Nikimpigia Spectre inapaa, anafurahi, analeta na shemeji yake.

La pili, bando. ISO ni zaidi ya GB 5. Hizo ISO nimepewa na mafundi wenzangu kwenye flashi, nazitumia miaka na miaka, sijawahi kusikia mteja kaibiwa.

---

Fundi_Daftari

Spana, heshima yako kaka. Hoja zako ni za kweli, nijibu zote mbili.

La bando kwanza kwa sababu ndilo rahisi. ISO *rasmi* ya Microsoft unaweza kuichukua popote, kwa fundi mwenzako, kwenye diski ya jirani, hata torenti. Kila faili lina heshi, msururu wa herufi na namba unaokokotolewa kutoka kwenye faili lenyewe. Ikibadilishwa herufi moja ndani ya hizo GB 5, heshi yote inageuka. Fungua Command Prompt uandike:

certutil -hashfile D:\win11.iso SHA256

Kisha fungua ukurasa wa Microsoft wa kupakua Windows 11 kwa simu, chagua toleo na lugha, wanaonyesha heshi zao. Hiyo ni MB chache. Zikilingana, hilo faili ndilo lilelile lililotoka kwao, hata kama limepita kwenye flashi hamsini chafu. Angalia tu msilinganishe toleo jipya na la zamani, ISO zao hubadilika. ISO iliyopikwa unailinganisha na nini? Na heshi aliyoiandika mpishi mwenyewe. Inakuthibitishia kwamba umepokea alichokipika, basi.

La "sijawahi kusikia mteja kaibiwa": utasikiaje? Mteja akiibiwa neno la siri la barua pepe miezi minne baadaye, atalaumu mtandao wa simu, atamlaumu mpenzi wake, hatakumbuka flashi yako. Yule clipper wa Dr.Web hakuharibu chochote kwenye mashine. Mashine ilikuwa nzima na nyepesi, na hapo ndipo penye hatari yake.

Na sisemi kwamba Ghost Spectre ina virusi. Sina ushahidi huo. Ninachosema ni kwamba wewe pia huna ushahidi wa kinyume chake, na anayebeba jukumu mbele ya mteja ni wewe.

---

Mkongwe_wa_SP2

Mmenikumbusha mbali nyie watoto. Sisi tulianza na nLite ya Dino Nuhagić, programu ya kujipikia kisakinishi cha XP. Unakopi CD ya XP kwenye diski, unachomeka Service Pack 2 ndani yake (kifurushi kikubwa cha masasisho, kilitoka Agosti 2004), unatoa Outlook Express, unatoa michezo, unaandika faili la majibu winnt.sif lenye ufunguo wa leseni, unachoma CD yako. Unaweka CD, unakwenda kunywa chai, ukirudi XP inakusubiri.

Na haikuwa mbwembwe. Laptopu za SATA (aina mpya ya kuunganisha diski) zilipoingia, XP ilikuwa haizioni diski. Ikikataa inakupiga skrini ya bluu 0x0000007B. Njia rasmi ilikuwa kubonyeza F6 na kuweka draiva kwa FLOPI. Laptopu yenyewe haina sehemu ya flopi! Kwa hiyo kuichomeka draiva ndani ya CD kwa nLite ilikuwa lazima, si starehe. Kisha ndipo wakaja akina TinyXP, na zile "Black Edition" zenye mandhari meusi na kraki ishirini ndani, watu wakaacha kupika wakawa wanapokea tu.

---

Kijana_wa_Tandale

Flopi ndiyo ile alama ya kusevia kwenye Word, sio? 😂

---

Mkongwe_wa_SP2

Toka hapa.

---

Fundi_Daftari

Haya, sehemu ya kujipikia. Nitaanza na ile ninayoipendekeza kwa watu wengi, ambayo haigusi install.wim kabisa.

Windows setapu ikiwaka huangalia kama kwenye mzizi wa flashi kuna faili linaitwa autounattend.xml. Likiwepo, inalisoma na kufuata: lugha, patisheni, jina la mtumiaji, programu za kuondoa, amri za kuendesha mwishoni. Ni maandishi matupu. Unalifungua kwa Notepad, unaona kila mstari. ISO inabaki rasmi na heshi yake halali, mabadiliko yako yanakaa kwenye faili la KB chache pembeni. Mtu akikutumia la kwake unaweza kulisoma kabla ya kulitumia, na usichokielewa unakifuta. Ndiyo maana nasema omba maelekezo ya mapishi, ISO iliyokwisha kupikwa muachie mwenyewe.

Kuliandika kwa mkono ni kazi, ukitaka njia rasmi kuna Windows System Image Manager ndani ya ADK. Ni nzito kidogo. Wengi hutumia tovuti ya Schneegans: unajaza fomu, inakupa XML yako.

Rufus, programu ya kuandalia flashi ya Windows, nayo inafanya kitu cha namna hiyo. Ukiipa ISO ya Windows 11 na kubonyeza START inakuuliza: niondoe sharti la TPM 2.0 (chipu ya usalama), Secure Boot (ukaguzi wakati wa kuwasha) na RAM? niondoe sharti la akaunti ya Microsoft? nizime maswali ya faragha? Weka tiki unayotaka. Watu wengi wanaotafuta Tiny11 kinachowasumbua ni TPM tu, na kwa hilo Rufus inatosha.

Njia ya pili ni kwa anayetaka kupunguza Windows yenyewe. Hapo unaikopi install.wim kwenye diski, unaifungua kwa dism /mount-image, unatoa programu usizozitaka, unaweka draiva, unaifunga kwa /unmount-image /commit. Kama ISO yako ina install.esd, haitakubali kufunguka hivyo, lazima uihamishe kwanza kuwa WIM. NTLite inafanya yote haya kwa vitufe. Hata Tiny11 yenyewe ina tiny11builder, ambayo ni skripti ya PowerShell iliyo wazi: unaipa ISO rasmi yako, inakutengenezea Tiny11 hapohapo kwako. Kama unaipenda sana Tiny11, itengeneze kwa skripti hiyo uache kuichukua kwenye Drive ya mtu.

Tahadhari mbili. Ya kwanza, usivimbiwe na kutoa vitu. Ipo tiny11 core ambayo imetoa hadi WinSxS, ghala la vipuri vya Windows, na mtengenezaji mwenyewe anasema si ya matumizi ya kila siku, kwa sababu haipokei masasisho wala huwezi kuiongezea lugha au kipengele. Mkumbuke Mei 2017. WannaCry, kirusi kilichofunga mafaili ya watu na kudai fidia, ilipita kwenye tundu ambalo Microsoft walikuwa wameshalitolea kiraka Machi mwaka huohuo. Mashine isiyopokea kiraka inakaa na tundu lake milele.

Ya pili ni kwa wale wa autounattend: ukiweka kipengele cha WillWipeDisk, flashi hiyo ikiwashwa kwenye mashine haiulizi swali, inafuta diski iliyotajwa kwenye faili, kwa kawaida namba 0, na kuendelea. Flashi ya namna hiyo iandikwe kwa kalamu ya wino mzito, isiachwe juu ya meza ya duka. Na neno la siri ukiliweka mle ndani linasomeka. Hata ile chaguo la "kulificha" linaligeuza tu kuwa Base64, namna ya kuandika isiyo na siri yoyote, ambayo mtoto wa kidato cha pili anaifungua.

---

Saiba_Nakuru

Sasa wadau, nachangia kutoka Kenya. Niko na saiba, mashine kumi na mbili za i3 za kitambo. Hiyo autounattend ndiyo imeniokoa, maana watoto wa shule wakija kufanya game wanaharibu mashine kila wiki. Naweka flashi, naenda kuhudumia wateja wa KRA (kodi) na eCitizen (huduma za serikali), narudi mashine iko na Chrome, LibreOffice na akaunti isiyo na mamlaka ya admin.

Na kwa biashara kama yangu hii maneno ya ISO za kuokota ni hatari mara mbili. Mteja anaweka kitambulisho, PIN ya KRA, password ya benki kwa mashine *yangu*. Tuko na Sheria ya Ulinzi wa Data tangu 2019. Ikijulikana data imetoka kwangu, nitasema aje? Ati niliambiwa ni nyepesi?

---

Mzee_wa_Hoja

Naona mnaisujudia sana ISO rasmi. Niwakumbushe mambo mawili. Lenovo walituuzia laptopu mpya zenye Superfish, ikafichuka Februari 2015: programu ya matangazo iliyoweka cheti chake kwenye Windows na kuingilia hadi kurasa za https, tena ufunguo ni uleule kwa mashine zote. CCleaner 5.33, programu ya kusafisha kompyuta, mwaka 2017 ilitoka kwenye seva rasmi, ina sahihi halali, na ndani ilikuwa na mlango wa nyuma. Watumiaji zaidi ya milioni 2 waliipokea. Huo urasmi uliwasaidia nini?

---

Fundi_Daftari

Uliwasaidia kujua. CCleaner iligundulika, ikatangazwa, namba ya toleo ikatajwa, kila mtu akajua aangalie nini na toleo safi likatoka. Superfish hivyohivyo, Lenovo walibanwa hadharani hadi wakatoa zana ya kuifuta. Mpishi wa Drive akigundulika anafuta akaunti na kurudi na jina jipya. Sijasema rasmi maana yake salama. Ninatazama kama kuna anayewajibika na kama kuna cha kulinganisha nacho.

Ila kwenye Superfish umetoa hoja ambayo inanisaidia: laptopu ikitoka dukani na Windows ya mtengenezaji, wengi tunaipiga upya kwa ISO safi. Kwa hiyo wote tunakubaliana ni kuondoa mikono ya katikati, tunatofautiana tu ni mikono ya nani.

Na ukitaka kuwa mkali zaidi kwenye Linux, heshi iliyoandikwa kwenye tovuti ileile unayopakulia haitoshi, maana aliyeishika tovuti anaweza kubadilisha na heshi. Hakiki sahihi ya GPG pia, yaani sahihi ya kidijitali ya watengenezaji wenyewe.

---

Mama_Stesheneri

Jamani mimi si mtaalamu, nina duka la stesheneri na kuchapisha. Kijana wa jirani alinipigia Windows kwenye kompyuta mbili. Zinafanya kazi vizuri, ila zimeandikwa jina nisilolijua kwenye sehemu ya taarifa za kompyuta, na ukifungua usalama wa Windows panafunguka kitupu, pameandikwa panasimamiwa na msimamizi. Msimamizi si ndiyo mimi? Nifanye nini?

---

Fundi_Daftari

Shikamoo mama. Hizo dalili mbili ulizozitaja zinatosha kusema Windows hiyo imepikwa. Jina lile ni la mpishi, na Defender imezimwa kwa sera. Haimaanishi lazima kuna mwizi ndani, lakini mlinzi hayupo.

Ukitaka kuchungulia kabla ya kuamua, mwambie kijana yeyote mwenye uelewa aangalie haya. Afungue PowerShell kama admin aandike Get-MpPreference na kuangalia ExclusionPath: kama kuna folda zimesamehewa kukaguliwa, hasa C:\ yote, ni jibu tosha. Aangalie faili la hosts kwenye Windows\System32\drivers\etc, kama anwani za Microsoft au za antivairasi zimeelekezwa 127.0.0.1 au 0.0.0.0. Apakue Autoruns na Sigcheck za Sysinternals kutoka Microsoft. Autoruns itamwonyesha kila kinachojiwasha, na sigcheck -tuv itataja vyeti vya usalama ambavyo havimo kwenye orodha ya Microsoft. Ajaribu pia Windows Update kama inapokea kitu.

Lakini mama, yote hayo yanaweza kukuta ubaya, hayawezi kukuhakikishia usafi. Ningekuwa mimi ningepiga upya. Hifadhi mafaili yako pembeni, na hapa wengi hukosea: kwenye usakinishaji asifute C peke yake. Afute patisheni ZOTE za diski hiyo, ibaki nafasi tupu moja, ndipo aendelee. Mmeona juu kule clipper alipojificha. Baada ya hapo badilisha maneno ya siri ya barua pepe na benki kutoka kwenye kifaa kingine.

---

Spana_Mkononi

Na kwenye leseni je? Maana mama akipigiwa safi, haina leseni, na mteja wangu hana laki za kununua. Kraki ya KMS ndiyo iliyobaki.

---

Mzee_wa_Hoja

Laptopu nyingi zilizotoka nje na Windows 10 au 11 zina ufunguo ndani ya BIOS. Ukipiga toleo lilelile, Home kwa Home, Pro kwa Pro, ikipata intaneti inajiweka leseni yenyewe. Mafundi mnaweka kraki kwenye mashine ambazo tayari zina leseni! Ukishapiga, angalia kwanza kwa slmgr /xpr kama imeshajiweka leseni.

---

Fundi_Daftari

Nakazia hapo. KMS yenyewe ni mfumo halali wa maofisi, mashine inahuishwa leseni na seva ya ndani kila baada ya muda. Kraki zinaigiza hiyo seva. Tatizo zinaanza kwa kukuambia "zima antivairasi kwanza", na ukishazima utajuaje ulichokiendesha ni KMS au kitu kingine? Desemba 2021 kampuni ya usalama ya Red Canary walieleza kisakinishi cha kraki ya KMSPico kilichobeba CryptBot, inayoiba maneno ya siri ya vivinjari na pochi za sarafu. Na Windows isiyo na leseni bado inapokea masasisho ya usalama, inakunyima mandhari na kukuandikia maandishi pembeni. Kwa mashine ya duka bora hayo maandishi kuliko kraki.

---

Kijana_wa_Tandale

Swali la mwisho wakuu. Nina Core 2 Duo RAM 4. Windows 10 imekatiwa masasisho Oktoba 14, 2025. Nikiirukia 11 kwa Rufus itakubali?

---

Mkongwe_wa_SP2

Haitakubali. Kuanzia 24H2, Windows 11 inadai maagizo ya SSE4.2 na POPCNT kwenye prosesa, na Core 2 Duo haina SSE4.2. Hiyo haizungukwi kwa Rufus wala kwa mpishi yeyote, haitawaka tu. Weka SSD ndogo (diski isiyozunguka, yenye kasi), weka Linux Mint ya Xfce, ile nyepesi, andika barua zako kwa LibreOffice. Au jiandikishe masasisho ya ziada ya Windows 10, ambayo kwa watu binafsi yanafika Oktoba 2026. Spana, na wewe hii ya SSD waambie wateja wako. Hiyo 4 GB yenye SSD na Windows safi inashinda Spectre kwenye diski ya kuzunguka.

---

Spana_Mkononi

SSD hapo nakubali, nimeiona kwa macho yangu. Nitapakua ISO moja safi nikahakiki hiyo heshi. Kama inalingana nitaigawa kwa mafundi wa mtaa wetu. Kupunguza nitapunguza mwenyewe, lakini Spectre siifuti kwenye diski yangu kwa sababu ya uzi mmoja 😂

---

Mama_Stesheneri

Nimempata kijana wa kunipigia upya Jumamosi. Ila naogopa printa zangu mbili za zamani, CD zake zilishapotea. Zikikataa duka limesimama.

---

Fundi_Daftari

Mama, kabla hajafuta chochote afungue Command Prompt kama admin, atengeneze folda kwenye flashi na aandike:

dism /online /export-driver /destination:E:\draiva

Hiyo inatoa draiva zote zilizoongezwa kwenye Windows ya sasa. Lakini kwa kuwa Windows hiyo imepikwa, asizirudishe zote kwa mkupuo. Kwanza atafute kwenye tovuti ya mtengenezaji wa printa kwa namba ya modeli iliyoandikwa mgongoni. Ikikosekana kabisa, ndipo achukue folda ya printa pekee kutoka kwenye ile akiba na aangalie faili lake la .cat: bofya kulia, Properties, Digital Signatures. Kama limesainiwa na mtengenezaji au Microsoft, aiweke kwa pnputil /add-driver ikifuatiwa na njia ya .inf na /install. Kama halina sahihi, niandikie hapa modeli zote mbili kabla ya Jumamosi.

---

Mama_Stesheneri

Moja ni LaserJet P1102. Ya pili maandishi yamefutika, nitapiga picha ya mgongo nikifika dukani.